Mashine Kuukuu Bado Ina Kazi, Lakini Tujue Imeji Imepikwa na Nani

Tarehe 14 Oktoba 2025 kampuni ya Microsoft ya Marekani ilisimamisha huduma ya kawaida kwa mfumo wake wa Windows 10, ambao ulianza kutumika Julai 2015 na ulikuwa bado ukiendesha mamilioni ya kompyuta duniani. Tangu siku hiyo, mwenye kompyuta ya Windows 10 ambaye hakujiandikisha kwa huduma ya ziada hapewi tena viraka vya kuziba matundu ya usalama. Akitaka kuhamia mfumo uliofuata, yaani Windows 11, huenda akaambiwa kwamba mashine yake haifai.

Msomaji anayeshinda kwenye mtambo wa kujaza maji ya chupa, au anayehudumia miti ya msaji kule Nzara, anaweza kuuliza: hayo yananihusu nini mimi? Yanakuhusu sana, ndugu. Siku ulizofanya kazi, saa za ziada, uzito wa mzigo uliopimwa, likizo unayodai na michango yako ya chama, mambo hayo siku hizi mara nyingi huandikwa katika kompyuta. Orodha ikipotea au ikibadilishwa na mkono wa siri, anayeumia kwanza ni yule ambaye hana ushahidi mwingine wa jasho lake. Kwa hiyo habari ya nani anaweka nini ndani ya kompyuta ya ofisi ni habari ya wafanyakazi, tusiwaachie mafundi peke yao.

Kwanza ieleweke kwamba mashine hizi hazikufa. Zimekataliwa. Windows 11 ilipotolewa tarehe 5 Oktoba 2021 iliwekewa masharti. Prosesa iwe katika orodha ya kampuni, ambayo kwa upande wa Intel kwa kawaida huanzia kizazi cha 8, yaani zilizoanza kuuzwa mwaka 2017. Kumbukumbu isipungue GB 4 na diski isipungue GB 64. Tena iwepo ndani yake chipu ya ulinzi iitwayo TPM, toleo la 2.0. Kompyuta ya mwaka 2014 inaweza kuwa na kumbukumbu ya GB 8, ikaandika barua, ikapiga hesabu na kuchapa orodha ya mishahara bila kusita. Lakini kwa kuwa prosesa yake haimo katika orodha, mlango unafungwa mbele yake.

Hapa kwetu kompyuta nyingi ni za mtumba. Hushushwa Mombasa, zikapita Uganda, zikaingia Juba kwa ile barabara ya Nimule ya kilomita 192. Bei yake huhesabiwa kwa dola, na mshahara wa mfanyakazi ni wa pauni. Tunakumbuka Desemba 2015, serikali ilipoiacha pauni ielee: dola moja, ambayo kwa bei rasmi ilikuwa chini ya pauni 3, ilifika zaidi ya pauni 18 kwa mpigo mmoja. Kiwanda cha bia kilichofunguliwa Juba mwaka 2009 kilisimamisha utengenezaji wa bia mwaka 2016 kwa uhaba wa fedha za kigeni. Ikiwa kiwanda kizima kilishindwa kupata dola za kutosha, chama cha wafanyakazi kitazipata wapi za kununulia kompyuta mpya kila mara kampuni ya ng'ambo inapobadilisha masharti yake?

Kampuni yenyewe iliuza muda wa nyongeza. Kwa watu binafsi ulikuwa mwaka mmoja, hadi tarehe 13 Oktoba 2026, kwa dola 30, au bila malipo kwa anayekubali kuunganisha mipangilio ya kompyuta yake na akaunti ya kampuni. Kwa mashirika bei ilitangazwa kuwa dola 61 kwa kila kompyuta mwaka wa kwanza, na kupanda maradufu kila mwaka, kwa miaka isiyozidi 3. Piga hesabu mwenyewe: 61, kisha 122, kisha 244. Jumla ni dola 427 kwa mashine moja ambayo sokoni huenda haifiki bei hiyo.

Hapo ndipo fundi anapoingia na flashi yake.

Katika flashi hiyo mna kitu kiitwacho imeji. Imeji ni faili moja kubwa lililobeba mfumo mzima, kama gunia lililokwisha kushonwa. Huandikwa kwenye flashi, kompyuta ikawashwa kutoka flashi hiyo, na mfumo ukajimwaga ndani ya diski. Mafundi wengi wa Afrika Mashariki huiita kazi hiyo "kupiga window". Imeji halisi ya Windows 11 huikagua mashine kwanza na kuikataa isipotimiza masharti. Imeji iliyopikwa na watu wengine imeondolewa ukaguzi huo, na pengine imepunguzwa mambo mengi ili iende hata kwenye mashine dhaifu. Dakika chache tu, na kompyuta iliyokataliwa Marekani inafanya kazi Juba.

Jambo hili si la Windows peke yake. Kwa kompyuta za Apple ipo programu ya OpenCore Legacy Patcher, inayowezesha Mac kuukuu kupokea mfumo ambao Apple imeinyima. Tena wapo wanaogawa imeji za macOS zilizo tayari kwa kompyuta zisizo za Apple kabisa, jambo ambalo masharti ya leseni ya Apple hayaruhusu.

Mimi sisemi kwamba fundi wa Konyo Konyo au wa Custom ni mwizi kwa kuwa anatembea na flashi. Fundi naye ni mfanyakazi, anauza ujuzi wake ale. Imeji ya Windows ina zaidi ya GB 5. Kuipakua kwa bando la simu ni gharama, na umeme ukikatika katikati pengine ni kuanza upya. Waya wa intaneti wa nchi kavu kutoka Uganda ulifika Juba mwaka 2020 tu. Basi ni kawaida mtu kunakili imeji kwa mwenziwe, na mwenziwe alinakili kwa mwingine, mpaka hakuna ajuaye ilianzia wapi. Hapo ndipo penye hatari, na hapo ndipo ninapotaka wanachama watulie wafikiri.

Imeji si sawa na programu ndogo ya kuchezea muziki. Imeji ndiyo msingi wa nyumba. Aliyeipika anaweza kuweka ndani yake mlango wa nyuma, na programu ya kukamata virusi utakayoiweka baadaye itakuwa inalinda nyumba ambayo mwizi alikwisha kuingia kabla ya mwenyewe kupewa ufunguo. Haya si maneno ya kutisha watoto. Yametokea, na tarehe zake zinajulikana.

Mwaka 2015 waandishi wa programu nchini China waliona kwamba chombo cha Apple kiitwacho Xcode kinachelewa mno kupakuliwa kutoka kwa Apple wenyewe. Wakachukua nakala iliyowekwa karibu yao, katika hifadhi ya mafaili ya Baidu. Nakala hiyo ilikuwa imechezewa. Kila programu ya simu iliyotengenezwa kwayo ilitoka na uchafu ndani yake, hata WeChat inayotumiwa na mamilioni ya watu. Angalieni sababu: hawakuwa wajinga, walikuwa wataalamu ambao intaneti yao ilikuwa ya polepole. Nani katika Juba asiyeielewa shida hiyo?

Desemba 2022 kampuni ya usalama ya Mandiant ilieleza habari za imeji za Windows 10 zilizosambazwa bure mitandaoni kwa lugha ya Kiukraine. Waliozipika walikuwa wamezima viraka vya kampuni na kuondoa ukaguzi wa leseni, mambo ambayo mtu wa kawaida huyaona kuwa ni hisani. Kumbe ndani yake mlikuwamo njia ya kuchagua kompyuta za ofisi za serikali na kuchota siri zake.

Hata mfumo wa bure na wa wazi haukusalimika. Tarehe 20 Februari 2016 wadukuzi waliingia katika tovuti ya Linux Mint na kugeuza kiungo cha kupakulia, na watu wakapewa imeji yenye mlango wa nyuma badala ya ile halisi. Wenyewe waligundua, wakafunga tovuti na kutangaza namna ya kuitambua imeji ya kweli. Nitarudi kwenye namna hiyo, maana ndiyo dawa yetu.

Mtu atasema: basi tubaki na Windows 10 yetu isiyo na viraka, tuogope hizo imeji. Hilo nalo si kimbilio. Machi 2017 Microsoft ilitoa kiraka cha tundu moja kubwa. Wengi hawakukiweka. Tarehe 12 Mei 2017 ilizuka programu ya WannaCry, ikapita katika tundu hilo, ikafunga mafaili na kudai kikomboleo cha dola 300 kwa kila mashine. Hospitali za Uingereza ziliahirisha matibabu. Renault ilisimamisha kazi katika baadhi ya viwanda vyake vya magari nchini Ufaransa, na kiwanda cha Nissan cha Sunderland, Uingereza, kikaathirika. Mashine zilizosimama zilikuwa za kutengeneza magari, na chanzo kilikuwa kiraka ambacho hakikuwekwa kwenye kompyuta.

Tena hata imeji iliyopikwa na mtu mwaminifu ina mipaka yake. Kwanza, inadanganya ukaguzi tu, haibadilishi chuma. Windows 11 ya toleo la 24H2 inahitaji maagizo fulani ndani ya prosesa ambayo prosesa za zamani sana hazina, na hapo hakuna ujanja utakaoiwasha. Pili, Microsoft ilikwisha kusema kwamba kompyuta isiyotimiza masharti haina haki ya kudai viraka. Inaweza kuvipata leo na kukosa kesho, na toleo jipya kwa kawaida halitaingia mpaka fundi aitwe tena. Tatu, kuna imeji zilizopunguzwa mpaka haziwezi kupokea viraka kabisa, kama ile ya tiny11 core, ambayo aliyeitengeneza alionya mwenyewe kwamba haifai kwa kazi ya kila siku. Nne, imeji haileti leseni. Vile vijiprogramu vya "kuamsha" Windows bila leseni ni njia kubwa ya kuingizia virusi, na vinamtia mwenye ofisi katika kosa juu ya hasara.

Sasa tufanye nini? Rai yangu ni kwamba tusitupe mashine, na tusipokee kila flashi. Chama kiwe na imeji yake, ijulikane ilikotoka na nani amekabidhiwa. Nitaeleza kwa utaratibu.

La kwanza, imeji ichukuliwe kwa mwenyewe. Kuna tofauti kati ya kununua mboga iliyokwisha kupikwa na mtu usiyemjua, na kuchukua sukuma wiki shambani ukapika mwenyewe. Programu ya Rufus, iliyoandikwa na Pete Batard, huchukua imeji halisi ya Microsoft na kuondoa ukaguzi wakati wa kuiandika kwenye flashi, mbele ya macho yako. Tiny11 nayo ilianza mwaka 2023 kama imeji iliyopikwa, lakini baadaye mtengenezaji wake alitoa maagizo ambayo mtu huyatumia mwenyewe juu ya imeji halisi. Huo ni mwendo mzuri zaidi, kwa sababu kinachoongezwa na kinachopunguzwa kinaonekana. Lakini kumbuka kwamba mipaka ile minne niliyoitaja bado ipo.

La pili, kwa kompyuta za chama zenye orodha ya wanachama na michango, nashauri tuache mchezo wa kudanganya ukaguzi, tuweke mfumo ambao haumkatai mzee. Mifumo ya Linux kama Debian, Ubuntu na Linux Mint hutolewa bure, kwa leseni inayoruhusu kunakili na kugawa, nayo imeji yake ni halali tangu mwanzo. Linux Mint ya aina ya Xfce huenda kwenye kumbukumbu ya GB 4 bila taabu, na viraka vyake huja bila kuuliza TPM. Zamani wenye Ubuntu walikuwa wakituma sidii bure kwa posta duniani kote, mpaka mwaka 2011 walipoacha. Siku hizo imeji ilitoka mkononi mwa mtengenezaji. Sasa inatoka mkononi mwa yeyote, basi ni lazima mkono huo tuujue.

La tatu, imeji ipimwe alama yake kabla ya kutumiwa. Kila faili lina alama yake kama ya kidole cha mtu, iitwayo SHA256, yenye tarakimu na herufi 64. Ukibadilisha hata herufi moja ndani ya imeji, alama yote hugeuka. Watengenezaji huitangaza alama hiyo. Katika Windows andika certutil -hashfile, kisha jina la faili, kisha SHA256. Katika Linux andika sha256sum na jina la faili. Linganisha na ile iliyotangazwa. Ikitofautiana, imeji hiyo usiitumie, hata kama aliyekupa ni shemeji yako. Na kwa fundisho la Linux Mint la 2016, alama isisomwe kwenye ukurasa mmoja tu uliotoa imeji. Itafutwe na mahali pa pili, kwa mfano kwa mwenzetu aliyeko Kampala au Nairobi aipime nakala aliyoipakua yeye.

La nne, kazi hiyo ifanywe mara moja kwa niaba ya wote. Bando moja la intaneti, imeji moja, alama moja iliyoandikwa katika daftari na kutiwa sahihi na wawili. Baada ya hapo inakiliwe kwa kila tawi. Hivi ndivyo umoja unavyopunguza gharama: tawi la shambani halina haja ya kupakua GB 5 upya, wala kumlipa fundi wa flashi ya njiani. Na kabla ya kuweka mfumo wowote, orodha zote zinakiliwe pembeni na karatasi zichapwe, kwa maana kuweka mfumo upya mara nyingi hufuta diski.

Wapo watakaopinga. Watasema karani amezoea Windows, Linux itamchosha. Ni kweli kwamba wiki ya kwanza ina usumbufu. Lakini karani wa chama anaandika barua, anajaza majedwali, anachapa. Kazi hizo LibreOffice inazifanya, tena inafungua mafaili mengi ya Word na Excel. Wala kompyuta si mali ya Kiingereza peke yake: tangu mwaka 2004 Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilishiriki kutoa Jambo OpenOffice, programu ya ofisi kwa Kiswahili, na iliwezekana kwa sababu programu hiyo ilikuwa ya wazi, mtu yeyote akiruhusiwa kuitafsiri. Tulijifunza kuendesha mitambo mizito isiyotengenezwa kwetu. Hatutashindwa na meza ya kuandikia.

Wengine watasema kwamba programu ya mishahara ya mwajiri inakwenda kwa Windows tu. Sawa. Hapo lakini mzigo ni wa mwajiri. Na hili ndilo neno langu kubwa kwa viongozi wetu wanaokaa kwenye meza ya majadiliano. Si haki meneja kumwambia karani, "tafuta fundi, pigeni window, mambo yaende", kisha orodha ya mishahara ikifungwa na virusi karani huyo huyo akaitwa mzembe, akakatwa mshahara au akafukuzwa. Aliyekataa kununua kifaa halali ndiye mwenye kosa.

Kwa hiyo mkataba wa pamoja ujao uwe na maneno haya. Mwajiri atoe mashine na mfumo wenye kupokea viraka kwa kazi ya mishahara. Karani asilazimishwe kuweka imeji isiyojulikana chimbuko lake, na akiagizwa, agizo liwe la maandishi lenye sahihi. Kila mwisho wa mwezi mfanyakazi apewe karatasi yake ya mshahara iliyochapwa, ili ushahidi wake usikae ndani ya mashine moja inayoweza kufungwa usiku mmoja.

Na wewe mfanyakazi wa kawaida, usione aibu kuuliza. Uliza kompyuta yenye jina lako ina mfumo gani, uliwekwa na nani, na nakala ya orodha iko wapi. Aliyeshika kitabu cha michango zamani aliulizwa na wanachama, naye alikifungua mbele yao. Kompyuta ni kitabu hicho hicho kwa umbo jingine.

Ndugu wafanyakazi, kampuni kubwa zimeamua kwamba mashine zetu zimezeeka. Uamuzi huo ni wao, si wetu. Mashine ikiwa bado inafanya kazi, na ifanye. Lakini tusikwepe amri ya tajiri wa mbali kwa kumkaribisha mwizi wa karibu. Kila tawi likutane, lihesabu kompyuta zake, liandike zina mfumo gani, na lilete orodha hiyo makao makuu, ili imeji moja iliyopimwa ipatikane kwa wote.

Umoja ni nguvu.

Mwanachama, Juba Na Bari